Je, Tunadaiwa Chochote na Ng'ombe wa Kuchinjwa?



Katika toleo lililopita niliahidi kuendelea na somo la ndoa. Nisameheni, somo hilo litasubiri. Kuna jambo limenikaa moyoni tangu Noeli ya mwaka juzi, na kwa kuwa wazee wa kanisa wameanza tena kuchangisha fedha za ng'ombe wa sikukuu, naona nikinyamaza sasa nitakuwa nimekosa mara ya pili.

Wengi wenu mlikuwapo. Fahali yule tulimnunua kwa michango ya familia zote, hata wale waliotoa shilingi mia tano. Tangu mgawo wa chakula ulipoanza kupunguzwa mwaka 2020, wapo watoto hapa Nakivale wanaoonja nyama mara moja tu kwa mwaka, kwa hiyo ilikuwa furaha kubwa. Mimi mwenyewe ndiye niliyekwenda sokoni pamoja na wazee wawili. Gari halikupatikana. Tulimswaga kwa miguu juani tangu asubuhi hadi jioni, bila maji, nami nilikuwa na fimbo mkononi. Kila aliposimama tulimpiga, na alipolala chini tulimpinda mkia mpaka akainuka. Tulipofika tulimfunga peke yake nyuma ya kanisa. Alilia usiku kucha. Alfajiri vijana wakaitwa, maana tulitaka kuokoa pesa ya mchinjaji. Kisu kilikuwa butu, watu wamejaa, watoto wamepanda juu ya ukuta wanashangilia, na fahali hakukubali kuangushwa. Ndipo kijana mmoja, kwa nia ya kusaidia tu, akachukua panga akamkata kano za miguu ya nyuma. Akaanguka. Yaliyofuata yalichukua muda mrefu na sitayaeleza.

Nilipoliona lile panga likishuka, sikuwa tena Nakivale. Nilikuwa Masisi, mwaka 1996, kijana wa miaka kumi na mitano. Watu wenye silaha walifika kwetu mlimani. Ng'ombe walioweza kuwaswaga waliwachukua. Waliobaki waliwakata miguu ya nyuma kwa panga wakawaacha hai. Hawakuchukua hata kilo moja ya nyama yao. Sisi tulikuwa tumejificha katika msitu wa mikaratusi, na kwa siku mbili tuliwasikia. Baba yangu aliwajua wote kwa majina. Hakuweza kwenda kuwamaliza kwa sababu wale watu walikuwa bado wanazunguka karibu. Mpaka alipofariki hakutaja tena jina la ng'ombe hata mmoja mbele yetu.

Sasa mkato ule ule umefanyika nyuma ya kanisa, kwa ajili ya kuzaliwa kwa Bwana, na mchungaji amesimama hapo akiwa na Biblia kwapani.

Siku ya tatu mama mmoja mjane alikuja nyumbani kwangu na nyama yake ndani ya sufuria, haijapikwa. Akaniambia, "Mchungaji, naomba uichukue. Nilisikia ile sauti. Siwezi." Nilitafuta neno la kumjibu nisipate. Nyama yenyewe ilikuwa nyeusi, inanata mkononi, na ilikuwa imeanza kunuka. Baadaye nilipata kujua sababu yake, na nitaieleza.

Najua lipo swali ambalo baadhi yenu mnaniuliza mnaposoma. Ndugu mmoja aliniuliza uso kwa uso: "Mchungaji, watu wanakufa Kongo kila siku. Mimi nimezika watoto wawili. Wewe unakuja kutuhubiria habari za ng'ombe?" Swali hilo nililiheshimu, na ninaliheshimu bado. Mtu aliyeumizwa hivyo hapaswi kufundishwa huruma na mtu yeyote kama mtoto mdogo. Mtoto wake mmoja alikuwa na thamani kuliko makundi yote ya ng'ombe ya Masisi na Ankole yakiwekwa pamoja, na Bwana Yesu mwenyewe alisema sisi tuna thamani kuliko ndege wengi (Mt. 10:31). Lakini angalieni, hapo hapo alitangulia kusema kwamba hata shomoro mmoja haanguki bila Baba kujua. Kwamba sisi ni bora zaidi hakukumfanya shomoro asiwe kitu.

Tena nimelifikiri sana neno moja tunalopenda kulisema tukieleza yaliyotupata. Tunasema, "Walitutendea kama wanyama." Tumelisema kwa maofisa waliotuhoji, tumelisema kwa wageni wenye kamera, mimi nimelisema madhabahuni. Maana yake nini hasa? Walitupiga, walitukimbiza bila maji, walitutenga na watoto wetu, walituacha tufe polepole. Basi tunapolisema neno hilo tunakiri kwamba tunajua jinsi mnyama anavyotendewa, na kwamba kwake yeye tunaona ni sawa. Kosa la wale watu, kwa usemi wetu wenyewe, lilikuwa kukosea anwani tu. Sidhani kwamba ndivyo tunavyotaka kusema. Nadhani tulipokuwa msituni tukisikiliza, kila mmoja wetu alijua kwamba lile lilikuwa ovu hata pale lilipowapata ng'ombe peke yao.

Na Biblia inalijua hilo. Kwa miaka mingi nilisoma Mwanzo 49 bila kuona kitu ambacho sasa siwezi kuacha kukiona. Mzee Yakobo yuko kitandani, anakaribia kufa, anawaita wanawe. Akifika kwa Simeoni na Lawi hawabariki. Anataja makosa mawili (Mwa. 49:6): kwamba katika hasira waliua watu, na kwamba kwa kujipendea walikata ng'ombe miguu. Habari ya Shekemu ilikuwa imepita miaka mingi. Watu wa mji ule walikuwa wameuawa, na bado yule mzee, katika pumzi zake za mwisho, hakusahau ng'ombe. Hakusema ng'ombe ni sawa na watu. Aliyataja yote mawili katika hukumu moja, kana kwamba yametoka katika moyo mmoja. Sisi tuliotoka Masisi hatuhitaji kufafanuliwa. Mikono iliyokata ng'ombe ndiyo iliyokata watu, na mara nyingine ilianza na ng'ombe.

Yakobo alikuwa na haki ya kusema hivyo maana yeye mwenyewe alikuwa mfugaji. Someni Mwanzo 33:13 na 14. Esau anamtaka waende pamoja upesi. Yakobo anakataa kwa adabu: watoto ni wachanga, wanyama wananyonyesha, wakiswagwa kwa nguvu hata siku moja tu watakufa, yeye atakwenda polepole kwa mwendo wa wanyama na mwendo wa watoto. Mkumbuke kwamba mtu huyu naye alikuwa mkimbizi akirudi kwao, mwenye hofu, aliyeshinda usiku bila usingizi. Alikuwa na kila sababu ya kuharakisha. Siku ile ya soko mimi nilikuwa na sababu moja tu, kwamba jua linazama.

Ndugu mmoja msomi atanikumbusha Paulo. Katika 1 Wakorintho 9:9 mtume anataja sheria ya kutomfunga ng'ombe kinywa apurapo nafaka (Kum. 25:4), kisha anauliza kama ni ng'ombe ndio Mungu anaowahangaikia. Nilipokuwa chuo cha Biblia tulifundishwa kwamba mstari huo unahusu posho ya mhubiri, na sisi wachungaji tumeushika sana kwa kuwa mwisho wake unafika mfukoni kwetu. Lakini fikirini. Paulo anajenga hoja yake kutoka kwa mdogo kwenda kwa mkubwa. Ikiwa hata ng'ombe afanyaye kazi anastahili kula, je, si zaidi mtumishi wa Injili? Ukiuondoa msingi, ukasema ng'ombe hastahili kitu, ghorofa ya juu nayo inaanguka, pamoja na posho yangu. Sheria ile iliandikwa kweli, na wakulima wa Israeli waliifuata kweli, na ng'ombe walikula kweli. Vivyo hivyo katazo la kumchinja ng'ombe na ndama wake siku moja (Law. 22:28), na pumziko la Sabato ambalo ng'ombe anatajwa kwa jina (Kum. 5:14). Kitabu cha Yona nacho kinamalizika kwa swali la Mungu juu ya mji wa Ninawi, na neno la mwisho katika swali hilo linahusu wanyama wa mji.

Sitaficha kwamba yapo maandiko magumu. Katika Yoshua 11 farasi wa vita wanakatwa miguu kwa agizo la Bwana. Wafasiri husema ilikuwa kuharibu silaha za adui, kama leo mtu avunjavyo bunduki, na huenda ndivyo. Mimi nausoma mstari huo bila furaha na ninaendelea mbele. Mtu asiutumie kama kibali cha kumkata fahali wa Noeli, maana huyo hakuwa silaha ya mtu.

Kula nyama tumeruhusiwa. Lakini tazameni ruhusa hiyo ilipotolewa. Mwanzo sura ya kwanza chakula ni mimea. Nyama inakuja sura ya tisa, baada ya gharika, na inakuja na mpaka wake: damu msile. Yaani Mungu aliposema chukueni, alisema pia kuna kitu hapa ambacho si chenu. Uhai wa yule mnyama haukuwa mali ya Nuhu. Aliruhusiwa kuutwaa kwa chakula, basi. Hakupewa hofu yake ya usiku kucha, wala kiu yake, wala zile dakika ndefu za kisu butu. Hayo tuliyatwaa sisi bila ruhusa, na ndiyo ninayoyaita deni.

Baada ya yule mama kurudisha nyama nilikwenda kwa mzee mmoja Msomali mwenye bucha, jirani zetu hawa wa upande wa pili. Hapa Uganda ni desturi ya siku nyingi wachinjaji wengi kuwa Waislamu, ili kila mtu aweze kula. Nilimweleza yote. Alinisikiliza, kisha akauliza, "Pasta, alikunywa maji?" Nikasema hapana. Akatikisa kichwa, akakaa kimya kidogo. Kwa dini yao, aliniambia, kisu hakinolewi mbele ya mnyama, na mnyama mmoja hachinjwi mbele ya macho ya mwingine. Sikuona aibu kujifunza kwake. Aibu niliyoiona ilikuwa ya kwamba nilihitaji kufundishwa.

Aliniruhusu kushinda kwake asubuhi tatu. Ng'ombe wake hufika siku moja kabla. Hupumzika kivulini, hupewa maji, huwa na mwenzake karibu, maana ng'ombe aliyetengwa peke yake huingiwa na hofu. Kumwangusha hakuna kelele. Kamba ndefu hufungwa kwenye shina la pembe au shingoni kwa fundo lisilokaza, ikazungushwa kifuani nyuma ya miguu ya mbele, ikazungushwa tena tumboni mbele ya miguu ya nyuma, kisha watu wawili huvuta kwa nyuma taratibu bila kuachia. Ng'ombe hujikunja akalala mwenyewe. Mara ya kwanza sikuamini macho yangu, nikikumbuka wale vijana kumi na wawili wetu. Kisu ni kirefu, hakina hata pengo moja, na hupita mara moja bila kuinuliwa mpaka mishipa mikubwa ya pande zote mbili imekatika. Halafu wote husubiri. Hakuna anayegusa ngozi mpaka mnyama ameacha kupumua na jicho likiguswa halipepesi.

Hapo nisidanganye mtu. Hata mkato mzuri huo unauma. Nimesoma kwamba mwaka 2009 watafiti wa Chuo Kikuu cha Massey, New Zealand, walipima ubongo wa ndama na kuona kwamba kukatwa koo hupokelewa kama maumivu, na ng'ombe anaweza kubaki na fahamu kwa sekunde ishirini, na mara nyingine hata zaidi ya dakika. Katika machinjio makubwa ya nchi nyingi hutumia bastola maalumu inayopiga chuma kwenye paji la uso, mnyama akapoteza fahamu kabla ya kisu. Sisi hatuna chombo hicho. Tulicho nacho ni maji, kivuli, kamba, kisu kikali na subira, na vyote hivyo tulikuwa navyo mwaka juzi isipokuwa kisu.

Kuhusu ile nyama nyeusi: mnyama aliyechoka na kuogopa sana huimaliza sukari iliyo katika misuli yake kabla hajafa. Sukari hiyo ndiyo ambayo baada ya kifo huifanya nyama iwe na uchachu kidogo, ikawa nyekundu na ikadumu. Ikiisha, nyama hubaki nyeusi, ngumu, ya kunata, na huharibika upesi. Kwa hiyo ukatili wetu uliingia kwenye masufuria yenu. Lakini nisingependa tuwe wema kwa ajili ya nyama tu. Hata kama ingekuwa tamu, yule mama angeirudisha.

Yupo pia mama mmoja Mmarekani, Temple Grandin, aliyezaliwa mwaka 1947, mwenye hali ya usonji, ambaye amefanya kazi ya kuangalia machinjio kwa macho ya ng'ombe. Aliingia mwenyewe katika vijia wanavyopitishwa ili aone wanaogopa nini, akakuta ni vitu ambavyo sisi hatuvioni: kivuli chini, mnyororo unaoning'inia, koti lililotundikwa kwenye uzio. Macho ya ng'ombe yako pembeni, anaona karibu pande zote ila nyuma yake kabisa. Ukimjia kutoka nyuma na fimbo unamtisha. Ukisimama ubavuni, ukapiga hatua kurudi nyuma ya bega lake, atakwenda mbele. Ukitangulia bega atarudi nyuma. Wachungaji wa ng'ombe wa Masisi na hawa wenyeji wetu wa Ankole wanalijua hilo tangu utoto, wala hawakulisoma popote. Nami nilikuwa nikilijua. Siku ya soko nililisahau kwa sababu ya haraka.

Neno fupi kwa walio na ng'ombe mmoja au wawili wa maziwa. Nimeona wengine wakimchoma ng'ombe kwa chuma cha moto kwenye matezi yaliyovimba, akiugua ndigana. Najua mnafanya kwa upendo, ndivyo babu zetu walivyofanya. Lakini ndigana huletwa na kupe, na chuma hakiui vijidudu vilivyo ndani ya damu. Mnamwongezea jeraha juu ya homa. Mpulizieni dawa ya kupe kwa ratiba, na akianza kuugua mwiteni daktari wa mifugo mapema, hata kama itabidi majirani wachangie sindano. Na mtu akishamchoma ng'ombe dawa asimpeleke bucha kesho yake. Dawa nyingine za sindano zinataka karibu wiki nne kabla nyama haijaliwa, ulizeni, msikisie. Ng'ombe aliyekufa ghafla, damu ikamtoka puani au nyuma, asipasuliwe kabisa: huenda ni kimeta, nacho kinaua watu.

Yule kijana wa panga nimekaa naye zaidi ya mara moja. Ameniruhusu kuandika hili bila jina. Nilimwuliza alijifunza wapi kukata pale. Alinyamaza, akasema, "Niliona wakifanya nikiwa mdogo." Alizaliwa Kivu, kama watoto wetu wengi. Hakuwa na chuki na fahali yule. Mkono wake ulifanya kile ambacho macho yake yaliwahi kuona. Sikuwa na la kumkemea, kwa kuwa mimi niliona yale yale, nikayajua kuwa maovu, na bado nilisimama pale bila kusema, "Acha."

Basi mpango wa mwaka huu ni huu. Kama karantini ya ugonjwa wa miguu na midomo haitatangazwa hapa Isingiro, fahali atanunuliwa mapema na kuletwa kwa gari. Pesa ya gari imo ndani ya mchango, msilalamike kwamba umepanda. Atafika tarehe 22 Desemba, atafungwa kwenye kivuli cha mti pamoja na ng'ombe wa jirani, na vijana wawili watahakikisha anapata maji. Mmoja wao ni yule yule kijana, aliomba mwenyewe. Afisa mifugo atamkagua akiwa hai na nyama itakaguliwa pia. Atachinja yule mzee Msomali. Ndugu wanaoona si vema kula nyama iliyochinjwa na Mwislamu waje kwangu Jumatano jioni tuzungumze kwa utulivu na 1 Wakorintho 10:25 mkononi. Watoto watakuwa ndani ya kanisa wakifanya mazoezi ya nyimbo, milango imefungwa.

Yule mama mjane nilimpelekea habari za mpango huu. Amesema atakuja kusimama pale kwanza, na sufuria ataacha nyumbani mpaka ameona.